Nusu Mshahara: Malipo ya Mtumishi Aliyesimamishwa Kazi katika Historia ya Moshi na Kilimanjaro

Mtumishi wa umma aliyesimamishwa kazi ili tuhuma zake zichunguzwe huwa amezuiwa kuingia ofisini na amekwisha kukabidhi funguo, mihuri na majalada, lakini jina lake linabaki katika orodha ya malipo, kwa kuwa hajaachishwa kazi wala hajatiwa hatiani. Swali la kiasi gani alipwe katika kipindi hicho limejibiwa nchini Tanzania, tangu enzi za Waingereza, kwa jibu ambalo kila karani na kila mwalimu analijua, nalo ni nusu mshahara. Moshi na miteremko ya Kilimanjaro ni mahali pazuri pa kuifuatilia historia ya jibu hilo, kwa sababu eneo hili lilipata mapema watu wengi wanaoishi kwa mshahara, na kwa sababu serikali kuu, utawala wa mangi, misheni na chama cha ushirika cha wakulima viliajiri watu wa vijiji vile vile kwa muda mrefu, kila mwajiri akiwa na taratibu zake za kumpa mtu kazi, kumweka kando na kumnyima riziki.

Kabla ya ukoloni, utumishi kwa mangi, yaani mtawala wa mojawapo ya himaya ndogo ndogo za Wachagga, haukulipwa kwa mwezi. Aliyemtumikia mangi alipata sehemu ya nyama, ng'ombe, ardhi au ulinzi, na aliyekosana naye aliyapoteza yote kwa mara moja, pasipo hatua ya kati baina ya kukubaliwa na kufukuzwa. Utawala wa Wajerumani, ambao ulimnyonga Mangi Meli wa Old Moshi tarehe 2 Machi 1900 pamoja na viongozi wengine, uliingiza askari na makarani wa kulipwa, na misheni ya Wakatoliki iliyofika Kilema mwaka 1891 na ile ya Walutheri wa Leipzig iliyofuata miaka michache baadaye ziliwafundisha vijana kusoma, kuandika na kuhesabu. Waingereza walipoitwaa Moshi mwaka 1916 waliwakuta watu wanaoweza kushika kalamu, nao wakaendelea kuwaajiri.

Ni Waingereza walioleta kanuni ya nusu mshahara. Kanuni za Makoloni, yaani mkusanyo wa maagizo ambayo Waziri wa Makoloni aliwapa magavana kuhusu kuajiri na kuadhibu maofisa, zilieleza kwamba ofisa anayekabiliwa na mashtaka ya nidhamu au ya jinai angeweza kuzuiwa kutekeleza kazi zake endapo maslahi ya umma yalidai hivyo, na kwamba wakati wa zuio hilo alipwe kiasi ambacho mamlaka ingekiona kinafaa, mradi kisipungue nusu ya mshahara wake. Shauri likiisha bila ya yeye kufukuzwa, alistahili kurudishiwa fedha zote zilizozuiwa. Akitiwa hatiani mahakamani kwa kosa kubwa, alihamia katika hatua ya pili, iliyo kali zaidi, ambapo hakulipwa chochote hadi mamlaka iamue hatima yake. Katika muda wote huo hakuruhusiwa kuondoka katika kituo chake bila kibali, kwa sababu bado alikuwa mtumishi na angeweza kuitwa kujibu maswali siku yoyote.

Ukiutazama kwa makini, utaratibu huu ulibeba fikra mbili zinazovutana. Fikra ya kwanza ni kwamba zuio si adhabu, kwa hiyo mtumishi asifukarishwe kabla ya kusikilizwa, na ndiyo sababu nusu iliwekwa kama kiwango cha chini kabisa, si kama kiwango kimoja cha lazima. Fikra ya pili ni kwamba hazina ya umma haipaswi kumlipa kikamilifu mtu asiyefanya kazi, ambaye huenda ndiye aliyeiibia. Nusu ilikuwa mapatano kati ya fikra hizo mbili, na mapatano hayo yalivumilika kwa sharti moja ambalo halikusisitizwa vya kutosha, yaani kwamba shauri liishe upesi. Kwa ofisa wa Kizungu aliyekuwa na nyumba ya serikali na mshahara mnono, miezi michache ya nusu mshahara ilikuwa usumbufu. Kwa karani Mwafrika katika ngazi za chini, ambaye mshahara wake mzima ulikwisha kabla ya tarehe ya malipo, nusu hiyo ilikuwa kitu kingine kabisa, ingawa katika karatasi kanuni iliwagusa wote wawili sawasawa. Utumishi wenyewe uligawanywa kwa rangi katika ngazi za Wazungu, Waasia na Waafrika, na si ajabu kwamba mojawapo ya vyama vya mwanzo kabisa vya wasomi Waafrika nchini, kile kilichoanzishwa Tanga mwaka 1922 chini ya Martin Kayamba, kilikuwa chama cha watumishi wa serikali.

Hata hivyo, wengi waliolipwa mshahara kwenye miteremko ya Kilimanjaro hawakuwa watumishi wa serikali kuu, na kwa hiyo kanuni hiyo haikuwafikia. Sheria ya Mamlaka za Wenyeji ya mwaka 1926, iliyopitishwa wakati wa Gavana Donald Cameron, iliwafanya mangi kuwa sehemu ya utawala wa kikoloni na kuwapa hazina za wenyeji, yaani mifuko iliyopata sehemu ya kodi na ambayo ilitumika kulipa mishahara ya mangi wenyewe, wachili (ambao ni wakuu wa mitaa), makarani wa mabaraza, matarishi na askari wa mangi. Katika ngazi hii karani aliyekutwa na upungufu katika vitabu vya kodi alikuwa mikononi mwa mangi na mkuu wa wilaya. Walioketi kuamua kama aendelee kulipwa ndio hao hao waliomtuhumu, na malipo yake yangeweza kukoma siku ile ile alipoambiwa arudi nyumbani. Mangi naye hakuwa salama, kwa kuwa cheo chake kilitegemea kutambuliwa na serikali, na mshahara wake ulifuata cheo.

Walimu, waliokuwa kundi kubwa la wasomi katika eneo hili, walikuwa chini ya misheni zaidi kuliko chini ya serikali. Shule nyingi za Machame, Marangu, Kibosho, Kilema na Rombo zilikuwa za makanisa, na ingawa serikali ilitoa ruzuku ya mishahara, nidhamu ilisimamiwa na mmisionari au na padri mwenye shule. Mwalimu aliyeoa mke wa pili, kwa mfano, alihesabiwa kuwa amevunja amri ya kanisa na pia masharti ya ajira, na mtu aliyekosa ushirika wa kanisa asingeendelea kusimama mbele ya darasa la kanisa. Katika chama cha ushirika hali ilikuwa nyingine tena. Chama cha Wapandaji Wenyeji wa Kilimanjaro kilichoanzishwa mwaka 1925, baada ya ofisa wa kikoloni Charles Dundas kuhimiza kilimo cha kahawa kwa wenyeji, kilifuatwa na KNCU, yaani chama kikuu cha ushirika cha Kilimanjaro, kilichoundwa baada ya sheria ya vyama vya ushirika ya mwaka 1932. Makatibu na wapima mizani wa vyama vya msingi walikuwa waajiriwa wa wakulima wenzao, na mpima mizani aliyetuhumiwa kupunja kilo hakuwa na kanuni ya gavana ya kumlinda, bali alikuwa na kamati ya chama iliyojaa majirani zake.

Kilichowasaidia watu hawa wote kustahimili kusimamishwa kazi hakikuwa sheria, bali kihamba. Kihamba ni shamba la ukoo linalozunguka nyumba, lenye migomba, kahawa chini ya kivuli chake, mboga, na ng'ombe anayelishwa zizini, likinyweshwa kwa mfongo, yaani mfereji unaoleta maji kutoka mito ya mlimani. Mshahara uliingia katika maisha haya kama nyongeza: ulilipa kodi, ada ya shule, mabati na nguo, wakati chakula kilitoka nyuma ya nyumba na fedha nyingine zilitoka katika kahawa, ambayo chama kililipa kwa awamu, malipo ya awali wakati wa kupeleka na malipo ya mwisho baada ya kuuzwa. Mchili au karani wa baraza aliyesimamishwa alirudi kwenye migomba yake, na familia yake haikulala njaa. Bei ya kahawa ilipopanda sana katika miaka ya 1950, wakulima wakubwa walipata zaidi ya makarani wengi, na kuipoteza kalamu kuliumiza heshima kuliko tumbo.

Lakini hifadhi hiyo ilimfaa aliyefanya kazi karibu na kwao. Mtu wa Machame aliyeajiriwa na serikali kuu na kupelekwa Lindi, Tabora au Mwanza, na vile vile mtu wa kutoka huko aliyeletwa Moshi mjini, alikuwa na kanuni ya nusu mshahara lakini hakuwa na kihamba cha karibu, na sharti la kutoondoka kituoni bila kibali lilimfunga mahali ambapo alipanga chumba na kununua kila mlo. Hivyo aliyekuwa na kanuni hakuwa na shamba, na aliyekuwa na shamba hakuwa na kanuni. Wanahistoria wa utawala husifu kanuni zilizoandikwa na kuisahau ardhi, lakini katika Kilimanjaro ya wakati huo ardhi ilifanya kazi ambayo kanuni haikuweza kuifanya.

Shauri kubwa kuliko yote kuhusu haki ya malipo ya mwenye cheo cha umma katika eneo hili halikumhusu karani, bali Mangi Mkuu mwenyewe. Thomas Marealle alichaguliwa kuwa Mangi Mkuu wa Wachagga wote na kusimikwa Januari 1952, akiwa juu ya muundo wa mwaka 1946 uliokuwa umeyagawa maeneo ya Hai, Vunjo na Rombo chini ya mangi watatu wa ngazi ya kati. Mwishoni mwa muongo huo upinzani dhidi ya cheo hicho ulikua, ukiongozwa na watu waliotaka kiongozi anayechaguliwa kwa muda maalumu, na mwaka 1960 cheo cha Mangi Mkuu kiliondolewa, Solomon Eliufoo akachaguliwa kuwa Rais wa Wachagga. Marealle aliishtaki halmashauri ya Wachagga katika Mahakama Kuu akidai fidia kwa kupoteza cheo na mapato aliyotegemea, akijenga hoja yake juu ya mkataba. Mahakama ilimpa haki.

Hukumu hiyo iliitia halmashauri katika deni ambalo serikali changa ya Tanganyika iliona halipaswi kubebwa na wananchi. Mwaka 1963 Bunge, lililokuwa limekwisha kufuta vyeo vya machifu, lilipitisha sheria ya matokeo ya kufutwa kwa vyeo hivyo, ambayo ilizizima haki na madai ya aina hiyo. Inawezekana kuielewa sababu ya kisiasa bila kuiona kuwa haki. Serikali ilitaka kuvunja mamlaka ya kurithi na kuanza upya, na katika kufanya hivyo ilionyesha kwamba malipo yaliyokwisha kuthibitishwa na mahakama yanaweza kufutwa na sheria inayotungwa baadaye. Mtumishi yeyote aliyesoma habari hizo Moshi mwaka 1963 alipaswa kujiuliza kuhusu uimara wa ahadi ya kurejeshewa nusu iliyozuiwa, kama deni lililoamuliwa na Mahakama Kuu lingeweza kuondolewa namna hiyo. Katiba ya Jamhuri ya mwaka 1962 ilikuwa pia imewaweka watumishi wa serikali chini ya mamlaka ya Rais kwa namna iliyo wazi zaidi kuliko katiba ya uhuru.

Wakati huo huo, serikali hiyo hiyo ilifanya jambo jema ambalo halijasemwa vya kutosha, kwa kuwa ilianza kuwaingiza chini ya kanuni moja wale walioachwa nje. Sheria ya mwaka 1962 ya utumishi wa pamoja wa walimu iliwaweka walimu wa serikali na wa misheni katika masharti yanayofanana, na Sheria ya Elimu ya mwaka 1969 ikazitwaa shule zenyewe. Sheria ya Usalama wa Ajira ya mwaka 1964 iliunda kamati za wafanyakazi na orodha ya makosa na adhabu, ili mwajiri wa kawaida asiweze kumfukuza mtu kwa hasira ya asubuhi moja. Tume ya utumishi wa pamoja wa vyama vya ushirika, iliyoundwa mwaka 1968, iliondoa nidhamu ya makatibu wa ushirika mikononi mwa kamati za vijiji. Miaka ya 1970 ilivuruga sehemu ya mafanikio hayo: mfumo wa madaraka mikoani wa mwaka 1972 uliziondoa halmashauri, na mwaka 1976 vyama vikuu vya ushirika, KNCU ikiwamo, vilivunjwa, na ikawa swali la mtu kulipwa nini wakati wa uchunguzi halina maana pale ambapo mwajiri mwenyewe ametoweka. Halmashauri zilirudishwa kwa sheria za mwaka 1982, na KNCU ikafufuliwa mwaka 1984.

Sheria inayotawala utumishi wa umma leo ni ile ya mwaka 2002, na Kanuni za Utumishi wa Umma za mwaka 2003 zilizotokana nayo ziliuchukua urithi wa kikoloni karibu jinsi ulivyokuwa: mamlaka ya nidhamu, yaani ofisa au chombo chenye uwezo wa kisheria wa kumwadhibu mtumishi, ilipewa uwezo wa kumsimamisha kwa malipo yasiyopungua nusu ya mshahara, kumsimamisha bila malipo aliyetiwa hatiani kwa kosa kubwa la jinai, na kumrudishia fedha zake yule ambaye shauri lake halikuishia katika kufukuzwa. Kiwango cha chini kiligeuka katika mazoea kuwa kiwango cha kawaida, kwa kuwa ilikuwa nadra mamlaka kufikiria kulipa theluthi mbili au robo tatu ingawa maneno ya kanuni hayakuizuia.

Hesabu ya nusu hiyo inahitaji kuonyeshwa kwa karibu. Chukua mfano wa mwalimu katika Halmashauri ya Wilaya ya Moshi mwenye mshahara wa shilingi 800,000, ambaye anakatwa shilingi 300,000 kila mwezi kulipia mkopo wa benki na shilingi 150,000 za makato mengine, hivyo anapokea mkononi shilingi 350,000. Mkopo wake ulipitishwa kwa kufuata utaratibu kwamba mtumishi asibakiwe na chini ya theluthi moja ya mshahara, na theluthi hiyo ilipimwa kwa mshahara kamili. Akisimamishwa, mshahara unakuwa shilingi 400,000, lakini mkataba wa benki haujabadilika. Rejesho la mkopo likitolewa, zinabaki shilingi 100,000 kabla ya makato mengine yoyote. Kwa kanuni hiyo amebakiwa na nusu, lakini kodi ya nyumba katika mitaa ya Moshi mjini kama Majengo au Pasua inamkuta na sehemu ndogo mno.

Hali hiyo ingevumilika kwa miezi miwili, na kanuni za mwaka 2003 zilitaka uchunguzi wa ndani ukamilike katika siku 60, zikiwa na nafasi ya kuongezwa. Tatizo ni kesi za jinai. Kanuni ilizuia shauri la nidhamu kuendelea juu ya jambo lile lile lililoko mahakamani, ili pande mbili zisitoe maamuzi yanayopingana, na sababu hiyo ni ya busara; lakini matokeo yake yalikuwa kwamba mtumishi aliyeshtakiwa alibaki kwenye nusu mshahara kwa muda wote ambao upelelezi haujakamilika na kesi inaahirishwa. Nchini Kenya, sheria ya kupambana na rushwa ya mwaka 2003 nayo inaamuru nusu mshahara kwa ofisa wa umma aliyeshtakiwa kwa rushwa, lakini iliongezewa sharti kwamba kesi iamuliwe ndani ya miezi 24. Sharti hilo, hata linapokiukwa, linakiri kwamba nusu mshahara bila ukomo hugeuka kuwa adhabu.

Tofauti iliyo karibu zaidi imo ndani ya Tanzania yenyewe. Miongozo ya utendaji bora iliyotangazwa mwaka 2007 chini ya Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inamruhusu mwajiri kumsimamisha mfanyakazi anayechunguzwa, lakini kwa malipo kamili. Kwa hiyo, wakati wa kanuni za 2003, katika mji huo huo wa Moshi, mtunza stoo wa kampuni binafsi aliyechunguzwa kwa wizi alilipwa mshahara wote, huku mtunza stoo wa halmashauri mwenye tuhuma hizo hizo akilipwa nusu. Kwa miaka kadhaa watumishi wa umma walijaribu kupeleka madai yao katika Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, chombo cha migogoro ya kazi, hadi marekebisho ya mwaka 2016 yalipowataka kwanza wamalize njia za rufaa zilizomo katika Sheria ya Utumishi wa Umma, na Mahakama ya Rufani ikalithibitisha sharti hilo mwaka 2022 katika shauri lililolihusu Shirika la Posta. Mwaka huo huo kanuni mpya za utumishi zilichukua nafasi ya zile za 2003.

Kati ya mwaka 2015 na 2017 jambo hili liliwagusa watu wengi kwa pamoja, kwa sababu viongozi wa kisiasa walizoea kutangaza kusimamishwa kwa watumishi wakiwa jukwaani, mbele ya wananchi na kamera. Tangazo la aina hiyo halikuwa na nguvu ya kisheria hadi mamlaka ya nidhamu iandike barua, ieleze tuhuma na itaje malipo, lakini mtumishi aliyetajwa hadharani alikuwa amekwisha kuhukumiwa machoni pa wanafunzi wake au wagonjwa wake. Baada ya uhakiki wa vyeti wa mwaka 2017, waliobainika kuwa na vyeti vya kughushi, ambao idadi yao iliyotangazwa ilizidi 9,900 nchi nzima, waliondolewa katika orodha ya mishahara bila ya kupitia hatua ya kusimamishwa, na ni mwaka 2022 serikali ilipoamua warudishiwe michango yao wenyewe ya hifadhi ya jamii.

Katika Kilimanjaro mambo haya yaliwakuta watu ambao hifadhi yao ya kale ilikuwa imekwisha kupungua. Mfumo wa kimataifa wa mgao wa kahawa ulivunjika mwaka 1989 na bei ikaanguka, wakulima wengi wakang'oa mikahawa au kuiacha izeeke, na vihamba vilivyogawanywa kwa wana na wajukuu vikawa vipande ambavyo havilishi familia kwa mwaka mzima. Mwalimu wa Uru au wa Marangu aliyesimamishwa chini ya kanuni za 2003 alitegemea mshahara kuliko babu yake aliyekuwa karani wa baraza, wakati kiwango alicholipwa kilikuwa kile kile ambacho Waziri wa Makoloni alikiona kinatosha. Aliposhinda shauri, alirejeshewa fedha zilizozuiwa kama malimbikizo; aliposhindwa, alibaki na haki ya kukata rufaa.